Dhuluma ya Jack Leslie haikuwa ya siku moja

Kila mchezaji mweusi wa England anapotukanwa mtandaoni, kama alivyotukanwa beki Jess Carter wakati wa Euro ya wanawake Julai 2025, kuna picha moja hurudi kwenye simu zetu. Ni ya sanamu ya shaba iliyo nje ya uwanja wa Home Park mjini Plymouth, sanamu ya mchezaji aliyeitwa Jack Leslie. Maelezo yanayoambatana nayo hayabadiliki sana: mwaka 1925 aliitwa timu ya taifa, wakubwa wakagundua kuwa ni mweusi, wakamkata jina, mwaka 2022 akajengewa sanamu, Machi 2023 Chama cha Soka cha England, FA, kikatoa kofia ya heshima kwa jina lake, ile kofia ambayo kila anayeichezea England hupewa. Deni limelipwa, tusonge mbele. Hadithi hii inapendeza kwa sababu ina kosa, ina mkosaji na ina toba. Nadhani tunaisoma vibaya. Leslie alinyimwa haki yake kwa miaka tisa, na ile wiki ya Oktoba 1925 ilikuwa mwanzo tu. Aliyemnyima ni utaratibu mzima wa uteuzi uliopangwa kwa namna ambayo hakuna mtu hata mmoja wa kuulizwa. Kofia imelipia wiki moja, na miaka iliyobaki haijazungumzwa.

Tuanze na mchezaji mwenyewe, maana katika simulizi hili ndiye anayesahaulika haraka kuliko wote. John Francis Leslie, maarufu kama Jack, alizaliwa Agosti 1901 Canning Town, mtaa wa wafanyakazi wa bandarini mashariki mwa London. Baba yake alitoka Jamaika, mama yake alikuwa Mwingereza. Alichezea Barking kwanza, kisha mwaka 1921 akasajiliwa na Plymouth Argyle, klabu ya mji wa bandari huko kusini magharibi kabisa, iliyokuwa Daraja la Tatu Kusini. Alicheza huko hadi 1934. Mechi 401, mabao 137. Nafasi yake ilikuwa mshambuliaji wa ndani upande wa kushoto, na pembeni yake alikuwapo winga Mskoti, Sammy Black, mfungaji bora wa muda wote wa klabu hiyo, mwenye mabao 182. Wawili hao kwa jumla walifunga mabao 319. Anayefuatilia ligi za leo, ambako pacha wa mbele wakidumu misimu mitatu tunashangaa, ajaribu kupima uzito wa namba hiyo.

Plymouth ya wakati huo ilikuwa timu yenye mkosi wa kuvunja moyo. Timu moja tu ndiyo iliyoruhusiwa kupanda kutoka Daraja la Tatu Kusini, na Argyle walimaliza nafasi ya pili misimu sita mfululizo, kuanzia 1921-22 hadi 1926-27. Msimu wa kwanza kati ya hiyo walilingana pointi na Southampton wakakosa ubingwa kwa uwiano wa mabao. Walipanda hatimaye mwaka 1930 wakiwa mabingwa. Leslie aliwahi pia kuwa nahodha wa timu hiyo, jambo ambalo kwa mchezaji mweusi katika ligi ya England ya miaka hiyo lilikuwa la nadra mno. Januari 1932 timu yake iliifunga Manchester United 4-1 katika Kombe la FA. Hii ndiyo ajira ya mpira iliyofichwa nyuma ya hadithi ya kofia: miaka kumi na tatu ya kazi ngumu katika klabu moja, mbali na magazeti makubwa ya London.

Sasa tufike Oktoba 1925. Kwa maelezo ya Leslie mwenyewe, aliyoyatoa akiwa mzee, kocha wake Bob Jack alimwita ofisini akampa habari kwamba ameteuliwa England. Mji mzima ukafurahi, maana mchezaji wa Plymouth kuitwa timu ya taifa halikuwa jambo la kila siku. Mechi ilikuwa dhidi ya Ireland, Belfast. Jina lake likatoka magazetini pamoja na kikosi, kisha siku chache baadaye likawa halipo. Aliamini hadi mwisho wa maisha yake kwamba watu wa FA walikuja kumtazama tena, na kilichowavutia safari hiyo hakikuwa miguu yake. Tarehe 24 Oktoba England ilitoka suluhu na Ireland. Siku hiyohiyo, huko Plymouth, Argyle waliichapa Bournemouth 7-2 na Leslie akafunga mawili.

Mwaka wenyewe nao una maana. Mnamo 1919 mitaa ya bandari za Uingereza, ikiwemo Canning Town alikozaliwa Leslie, ilikumbwa na ghasia dhidi ya watu weusi. Huko Liverpool baharia mweusi aliyekuwa akikimbizwa na kundi la watu alifia majini bandarini. Kisha 1925, mwaka uleule wa jina lililofutwa, serikali ikatoa amri ya kuwalazimisha mabaharia wa kigeni wenye ngozi nyeusi kujiandikisha polisi. Wengi waliobanwa na amri hiyo walikuwa raia wa himaya yenyewe, watu wa Aden, Somalia, India na Afrika Magharibi, ambao hawakuwa na karatasi za kuthibitisha uraia wao. Sisi wa mwambao wa Bahari ya Hindi tunawajua vizuri watu hao, kwa kuwa meli zilezile zilipita kwetu. Kwa hiyo wazee wa FA walipokaa kumjadili kijana wa Plymouth, swali la nani anahesabika kuwa Mwingereza lilikuwa mezani katika ofisi nyingi za nchi hiyo.

Na wazee hao ni akina nani? Hapa ndipo ninapotaka msomaji akae kidogo. England haikuwa na kocha wa timu ya taifa hadi mwaka 1946, alipoajiriwa Walter Winterbottom. Kabla ya hapo kikosi kilichaguliwa na kamati ya uteuzi ya FA, wajumbe wengi wao wakiwa viongozi wa klabu na vyama vya mikoa. Kila mjumbe alikuwa na mtu wake, na majina yalipatikana kwa kuvutana na kupiga kura. Mchezaji angeweza kuitwa mechi moja akafunga, mechi inayofuata akaachwa bila kuambiwa neno. Wengi walijua wameteuliwa kwa kusoma gazeti au kupokea barua, na walijua wameachwa kwa kutopokea barua. Hata Winterbottom alipokuja, kamati iliendelea kuwa na kauli ya mwisho. Alf Ramsey ndiye aliyekataa mtindo huo alipopewa timu, na kuanzia 1963 kikosi kikawa chake peke yake. Miaka mitatu baadaye akachukua Kombe la Dunia. Ni maofisa wa chama hichohicho waliowapa wachezaji wa England amri ya kunyoosha mkono kwa saluti ya Kinazi mjini Berlin Mei 1938. Wachezaji wengine waliikumbuka kwa aibu maisha yao yote, lakini kukataa hakukuwa rahisi.

Uzuri wa mfumo kama huo kwa wanaoumiliki ni kwamba hauna mwenyewe. Kocha mmoja akimwacha mchezaji, ataulizwa na waandishi Jumatatu asubuhi. Kamati ikimwacha, kila mjumbe atasema yeye binafsi alikuwa anamtaka. Leslie mwenyewe alisema hakumwuliza mtu moja kwa moja, kwa kuwa aliona nyusoni mwao kwamba jambo lenyewe linawatatiza.

Wapo wanaotilia shaka simulizi hili, na si wote wabaguzi. Hoja yao nzito zaidi inahusu umbali na daraja. Plymouth iko pembezoni mwa nchi, timu ilikuwa daraja la tatu, na wateuzi walipenda kuangalia klabu kubwa. Mfano wanaoutoa una nguvu: Sammy Black, mzungu, mwenye mabao mengi kuliko Leslie, hakuwahi kuichezea Scotland hata mara moja. Kama Black naye aliachwa, kwa nini tuseme rangi? Nakubali hoja hii inaeleza mengi. Inaeleza kwa nini mchezaji wa Plymouth angeweza asionekane kabisa. Lakini Leslie alikwishaonekana. Jina lake lilikwishapita kwenye meza ya wateuzi na kufika magazetini, kwa hiyo kikwazo cha umbali kilikwisha kuvukwa. Black hakuwahi kufika hapo. Na kuhusu daraja, mwaka huohuo wa 1925, mwezi Februari, England ilimchezesha Tommy Cook dhidi ya Wales, naye alitoka Brighton ya Daraja la Tatu Kusini, ligi ileile ya Leslie. Beki Moses Russell naye aliitwa Wales mara nyingi akiwa palepale Plymouth, kwa hiyo barua za timu ya taifa zilijua njia ya kufika Home Park.

Hoja nyingine huletwa vijiweni na watu wanaoifahamu soka ya leo: kama alikuwa hatari hivyo, mbona klabu kubwa hazikumnunua? Swali hili linapima miaka ya 1920 kwa kipimo cha sasa. Wakati ule mshahara ulikuwa na ukomo uliowekwa na ligi, pauni 8 kwa wiki wakati wa msimu na pauni 6 wakati wa mapumziko ya kiangazi, na ukomo wa namna hiyo uliendelea hadi 1961. Nyota wa Arsenal au Everton hakuruhusiwa kulipwa zaidi ya hapo. Isitoshe, mkataba ulipoisha, klabu ilibaki na haki juu ya usajili wa mchezaji. Ikikataa kumwachia, hakuwa na pa kwenda katika ligi nzima, na mahakama haikuuvunja utaratibu huo mpaka kesi ya mchezaji George Eastham ya 1963. Klabu inayomaliza ya pili kila mwaka ingemwachia mfungaji wake kwa sababu gani? Ukizingatia hayo, mchezaji kukaa klabu moja miaka kumi na tatu hakusemi lolote juu ya kipaji chake. Kulikuwa ndiyo hali ya kawaida ya kazi.

Hoja ya tatu ni ya kisheria: hakuna karatasi inayosema ameachwa kwa sababu ya rangi. Ni kweli, na ni haki kuikumbusha. Wengine huongeza kwamba alitajwa kama mchezaji wa akiba tu, kwa hiyo hakuna cha ajabu jina kubadilika. Tuseme wako sahihi. Tuseme ile wiki ya Oktoba kulikuwa na mkanganyiko wa ofisini, karani akakosea, gazeti likachapa jina lisilo lake. Hata hivyo bado tunapaswa kueleza miaka iliyofuata. Mchezaji aliyefikiriwa akiwa na umri wa miaka 24 aliendelea kufunga, akatwaa ubingwa wa daraja lake akiwa na miaka 28, akacheza Daraja la Pili, na katika muda wote huo kamati iliyobadilisha kikosi karibu kila mechi haikumwita tena. Kuachwa mara moja kunaweza kuwa bahati mbaya. Kusahauliwa miaka tisa na watu waliokwishakuliandika jina lako ni uamuzi, hata kama haukuandikwa popote. Ndiyo maana nasema tunakosea tunapoing'ang'ania siku moja: tunampa mtetezi wa FA mahali pepesi pa kujitetea, naye akishinda hoja ya siku hiyo anadhani ameshinda kesi nzima.

Dhaifu kuliko zote ni ile ya "ndivyo zama zilivyokuwa". Hii husemwa kwa upole, kama busara, na hupokelewa hivyo. Lakini zama zenyewe zinaikana. Machi 1881, miaka 44 kabla ya kisa cha Leslie, Andrew Watson, mweusi aliyezaliwa Guyana ya Waingereza, aliiongoza Scotland kama nahodha jijini London na kuifunga England 6-1. FA hawakuhitaji kusimuliwa kwamba mtu mweusi anaweza kuichezea nchi. Walimwona uwanjani kwao. Kisha Desemba 1931, Leslie akiwa bado anacheza, Wales ilimpa nafasi winga mweusi Eddie Parris wa Bradford Park Avenue dhidi ya Ireland ya Kaskazini. Nchi jirani, zama zilezile, sheria zilezile za mpira, hata ligi ileile. Wales haikuanguka. England ilisubiri hadi Novemba 1978, alipoingia Viv Anderson, miaka 53 baada ya Leslie. Frank Soo wa Stoke City, ambaye baba yake alikuwa Mchina, aliichezea England wakati wa Vita Kuu ya Pili, lakini mechi hizo hazihesabiwi rasmi, kwa hiyo naye hana kofia. Zama hazikai kwenye kamati wala hazipigi kura. Kulikuwa na watu mezani waliochagua jambo ambalo wenzao wa Scotland na Wales hawakulichagua.

Je, kofia ya 2023 ni bure? Siendi huko. Wajukuu zake waliipokea Wembley, na familia iliyoishi na simulizi ambalo nje ya nyumba yao lilijulikana na wachache ilistahili kulisikia likitamkwa hadharani. Inafaa tu tukumbuke mpangilio wa mambo. Kampeni ilianzishwa na mashabiki mwaka 2020, zaidi ya pauni 100,000 zikachangwa kwa ajili ya sanamu, na chama kikaja na kofia baada ya kazi hiyo kufanywa na wengine. Anayekuja mwisho kwenye sherehe huwa na haraka ya kupiga picha. Hatari ninayoiona ni kofia kugeuka funika kombe mwanaharamu apite: chama kinakiri kosa la watu waliokwishakufa, katika chumba ambacho hakipo tena, na kwa kukiri huko hakuna aliye hai anayelazimika kufanya kitu tofauti kesho.

Kuna sehemu ya maisha ya Leslie inayonisumbua kuliko lile jina lililofutwa England. Mpira wa siku zake ulikuwa wa ngozi nzito, umeshonwa na kufungwa kwa kamba mdomoni kama kiatu. Mvua ikinyesha ngozi ilinyonya maji, na aliyeupiga kichwa upande wa kamba aliondoka na alama kwenye paji la uso. Kamba hiyo ndiyo iliyomjeruhi Leslie jicho na kumaliza uchezaji wake. Alirudi kwenye ufundi wa boila aliokuwa nao kabla ya mpira. Baadaye sana, akiwa mzee anayetafuta cha kumshughulisha, alipata kazi West Ham, kwenye chumba cha viatu. Alikwangua matope kwenye njumu za Bobby Moore na Geoff Hurst, akazipaka mafuta ngozi isikauke, akabadilisha meno yaliyolika, akazipanga kwa ajili ya mazoezi ya kesho. Miongoni mwa njumu hizo zilikuwamo za Clyde Best, kijana mweusi kutoka Bermuda. Aprili 1972 West Ham ilipanga wachezaji watatu weusi katika mechi moja, Best, Clive Charles na Ade Coker, jambo lisilozoeleka kabisa katika ligi kuu ya nchi hiyo. Leslie alifariki mwaka 1988.

Watu husimulia kipande hiki kwa huruma, na wengi huona kama anguko. Kazi ya mikono si anguko, naye hakuwahi kuionea haya. Kinachopaswa kutufikirisha ni kwamba mtu mwenye mechi 401, nahodha aliyejua kuisoma mechi na kuongoza wenzake, aliishia kwenye chumba cha viatu wakati wachezaji wengi wa umri wake walikuwa wamepitia ukocha au kazi ya kusaka vipaji. Uwanja ulimkubali Leslie miaka kumi na tatu. Alichonyimwa ni kila mlango uliohitaji kikao cha watu wachache kuufungua.

Hapo ndipo kisa cha 1925 kinapoigusa soka ya leo, na ndipo picha ya sanamu inapotupotosha. Tunaiweka karibu na matusi anayoporomoshewa Carter, au waliyoporomoshewa wachezaji wa England Rashford, Sancho na Saka baada ya fainali ya Euro Julai 2021, kana kwamba ni ugonjwa uleule. Si uleule. Anayetukana mtandaoni ana akaunti, anaweza kutafutwa, na polisi wa Uingereza wamewahi kuwakamata wa aina hiyo. Aliyemkata Leslie hakutukana mtu. Inawezekana alikuwa mstaarabu, mpole, mwenye kusalimia kwa kofia. Mrithi wake hachagui tena kikosi, kwa sababu Ramsey na waliomfuata waliiondoa kazi hiyo kwenye kamati, na mara tu jina la mteuzi lilipojulikana ikawa vigumu kumwacha mfungaji bila kueleza. Mrithi huyo yuko kwenye usaili wa makocha, wakurugenzi wa ufundi na wajumbe wa bodi. Tangu Ligi Kuu ianze 1992, kocha wa kwanza mweusi alikuwa Mholanzi, Ruud Gullit wa Chelsea, mwaka 1996. Mwingereza mweusi wa kwanza kupewa timu ya ligi hiyo alikuwa Paul Ince, Blackburn, 2008, naye alifukuzwa kabla mwaka haujaisha. Wachezaji weusi wamejaa viwanjani kwa miongo, wanastaafu kila mwaka, halafu wengi wao hawaonekani tena kwenye benchi la ufundi.

Oktoba 2020 FA ilitoa kanuni ya usawa katika uongozi wa soka inayozitaka klabu ziwe na idadi fulani ya watu weusi na wa jamii nyingine za wachache kwenye orodha za usaili na kwenye nafasi za uongozi. Ilikuwa ya hiari. Klabu ilitia saini ikitaka, na ikikosa lengo hakukuwa na adhabu ya kuogopesha. Ukiniuliza ni nini kingekuwa heshima kwa Leslie, ningeanzia hapo: klabu inayoajiri kocha ilazimike kutaja waliofika kwenye usaili, nani alikaa upande wa pili wa meza, na kwa nini aliyeachwa aliachwa. Klabu zitasema hizo ni siri za ajira, na kwa kiasi wana haki, kwa maana waombaji wengine hawataki waajiri wao wajue. Basi majina yafichwe, sababu zitolewe kwa msimamizi wa nje. Uingereza imepitisha sheria ya msimamizi huru wa soka mwaka 2025, kwa hiyo ofisi ya kuipelekea karatasi hiyo haikosekani. Kinachokosekana ni chama kilichotoa kofia kukubali kuiomba.